Noah Webster, mwalimu aliyepambana na C na G

Mwanafunzi wa Bukavu ao wa Lubumbashi anayeanza Kiingereza anakutana haraka na shida moja: C ya cat inasomwa K, C ya city inasomwa S. G ya go ni nzito, G ya gem inasomwa J. Mwenye kuzoea Kifaransa hashangai sana, juu neno garage peke yake linabeba G mbili za namna mbili. Lakini Kiingereza kinaongeza get na give, maneno yenye kuvunja kanuni bila haya. Kuna mtu alimaliza miaka 60 akishindana na mambo hayo. Ni Noah Webster.

Alizaliwa tarehe 16 mwezi wa 10 mwaka 1758, West Hartford, Connecticut, wakati Marekani ilikuwa bado chini ya Uingereza. Baba yake alikuwa mkulima, akaweka shamba rehani ili kijana asome kwenye chuo cha Yale. Noah alimaliza mwaka 1778, katikati ya vita ya uhuru. Mzee akamkabidhi dola 8 za karatasi, pesa iliyokuwa inapoteza thamani siku kwa siku, kisha akamwambia ajitafutie. Alitaka kuwa avoka. Kazi aliyopata ni ualimu.

Vitabu vya masomo vilitoka Uingereza. Kile kilichojulikana zaidi cha kufundisha herufi kiliandikwa na Thomas Dilworth, Mwingereza, naye aliwakatisha watoto neno nation vipande vitatu, na-ti-on, wakati hakuna mtu aliyelitamka vile. Webster aliona ni kuchosha watoto bure. Mwaka 1782, akifundisha Goshen, jimbo la New York, alianza kuandika cha kwake, na mwaka 1783 kikachapwa Hartford. Baadaye watu walikitambua kwa jalada lake la buluu.

Mule ndani alifuata masikio. C mbele ya A, O na U ni K. Mbele ya E, I na Y ni S. Kwa G alikubali kwamba kanuni haitoshi, basi akapanga orodha ya maneno ambamo G inabaki nzito hata mbele ya E na I, watoto wayashike kwa kichwa. Orodha ingine ilikuwa ya ch yenye kusomwa K, kama ache, na ingine ya ch yenye kusomwa sh, kama machine. Herufi zisizotamkwa alizichapisha kwa mlazo. Kazi kama hiyo inafanywa na mtu aliyesimama kweli mbele ya watoto. Fujo yenyewe ni ya zamani: city na gem yalipitia kwa Kifaransa, ambacho kilipata nguvu huko kisha Wanormandi kuteka Uingereza mwaka 1066, lakini get na give ni ya ukoo wa Kijerumani, na yalibaki na G nzito.

Kitabu kiliuzwa makumi ya mamilioni. Makuta haikumfikia sana: alipata chini ya senti moja kwa nakala. Alizunguka jimbo kwa jimbo akiomba sheria ya kulinda haki za waandishi, na wengi walimwona mtu wa majivuno. Pengine walikuwa na haki.

Kitabu hicho kilifika hata fasi ambazo hazikukitaka. Kule Baltimore, kijana mtumwa Frederick Douglass, aliyekatazwa na bwana wake kujifunza kusoma, alikibeba mfukoni, akawapa watoto weupe wa barabarani mkate ili wamfundishe. Kisha akanakili zile herufi za mlazo mpaka aliweza kuziandika bila kuangalia. Mwaka 1838 alitoroka utumwa, akawa mmoja wa wasemaji wakubwa wa Marekani.

Webster mwenyewe alitaka kwenda mbali zaidi. Mwaka 1789, akisukumwa na mawazo ya Benjamin Franklin, alipendekeza machine iandikwe masheen, na character iandikwe karacter. Hapo hawakumfuata. Alishinda katika mambo madogo: K ya mwisho ilianguka kwenye musick na publick, defence ikawa defense kwa Wamarekani. Na gaol, yaani gereza, neno lenye G laini mbele ya A kinyume cha kanuni yote, yeye aliliandika jail.

Mwaka 1807 alianza kamusi kubwa. Alikuwa na watoto wengi na pesa kidogo, akahama New Haven kwenda Amherst ambako maisha yalikuwa bei chini. Alivuka bahari kutafuta vitabu Paris na Cambridge, na Cambridge ndiko alikomalizia, mwezi wa 1 mwaka 1825. Kamusi ilitoka mwaka 1828, maneno 70.000, dola 20, yeye akiwa na miaka 70. Walichapa nakala 2.500 tu. Ili kutoa chapa ya pili akaweka nyumba yake rehani, sawa vile baba yake alivyofanya na shamba.

Alikufa New Haven tarehe 28 mwezi wa 5 mwaka 1843. Ndugu wawili wachapaji wa Springfield, George na Charles Merriam, walinunua nakala zilizobaki pamoja na haki za kamusi.