Marlene Dietrich: Mwigizaji Aliyeitwa Msaliti

Wahenga walinena kuwa mkataa kwao ni mtumwa. Ni wasanii wachache waliohukumiwa kwa kauli hiyo kama Marlene Dietrich, mwigizaji wa filamu aliyezaliwa Berlin, Ujerumani, tarehe 27 Desemba 1901.

Ujanani alijifunza kupiga fidla, kisha akaingia jukwaani. Umaarufu ulimjia mwaka 1930 kupitia filamu ya Josef von Sternberg, Der blaue Engel, iliyotengenezwa kwa Kijerumani na Kiingereza. Humo aliigiza Lola Lola, mwimbaji wa kilabu ambaye penzi lake linamwangamiza mwalimu mwenye heshima zake. Mwaka huo huo alihamia Hollywood, ambako filamu ya Morocco ilimfanya ateuliwe kuwania tuzo ya Oscar.

Utawala wa Hitler ulimrai arejee nyumbani kuigiza. Alikataa katakata, na mwaka 1939 akawa raia wa Marekani. Vita vilipopamba moto, aliwatumbuiza wanajeshi waliopigana na Ujerumani, ilhali mamake mzazi alikuwa angali Berlin. Marekani ilimtunuku Nishani ya Uhuru mwaka 1947.

Alipozuru Ujerumani kuimba mwaka 1960, wapo waliomshangilia na wapo waliomzomea wakimwita msaliti. Mwaka huo huo aliimba kwa Kijerumani nchini Israeli.

Dietrich alifariki Paris tarehe 6 Mei 1992, akazikwa Berlin, karibu na mamake. Mwaka 2002 jiji hilo lilimpa uraia wa heshima. Hakuwa amewakana watu wa kwao, aliwakana waliowatawala.