Edward Saidi Tingatinga

Edward Saidi Tingatinga (1932 - 1972) alikuwa mchoraji wa Tanzania. Anajulikana kama mwanzilishi wa mtindo wa uchoraji unaoitwa kwa jina lake, yaani Tingatinga. Alifanya kazi ya uchoraji kwa takriban miaka minne tu, kuanzia mwaka 1968 hadi kifo chake jijini Dar es Salaam. Hakusoma katika chuo chochote cha sanaa. Hata hivyo, mtindo wake uliendelezwa na ndugu na wanafunzi wake, na leo ni miongoni mwa aina za sanaa ya Afrika Mashariki zinazotambulika zaidi duniani.

Tingatinga ni jina la familia yake. Katika Kiswahili neno hilo lina pia maana ya trekta, lakini mtindo wa uchoraji ulipata jina kutokana na mchoraji mwenyewe, si kutokana na mashine.

Uchoraji nchini kabla yake

Uchoraji wa wanyama ni wa kale sana nchini Tanzania. Katika kanda ya kati, hasa Kondoa mkoani Dodoma na Iramba mkoani Singida, kuna michoro ya wanyama na watu kwenye kuta za miamba iliyochorwa zamani za kale. Michoro ya Kondoa iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2006. Majina ya watu walioichora hayajulikani.

Uchoraji wa kufundishwa shuleni ulikuja wakati wa ukoloni. Kituo chake kikuu katika Afrika Mashariki kilikuwa Makerere nchini Uganda, ambako Margaret Trowell kutoka Uingereza alianzisha mafunzo ya sanaa katika miaka ya 1930. Mmoja wa wanafunzi wake alikuwa Sam Ntiro (1923 - 1993) kutoka Kilimanjaro, ambaye aliendelea na masomo katika shule ya sanaa ya Slade mjini London. Baada ya uhuru Ntiro alikuwa balozi wa kwanza wa Tanganyika nchini Uingereza.

Tingatinga hakupitia njia hiyo. Alikuwa mtoto wa wakulima aliyekwenda mjini kutafuta kazi, akaanza kuchora akiwa na umri wa miaka 36 hivi.

Maisha ya awali

Tingatinga alizaliwa mwaka 1932 katika kijiji cha Namochelia, eneo la Nakapanya, katika wilaya ya Tunduru, ambayo leo ni sehemu ya mkoa wa Ruvuma kusini mwa Tanzania. Alisoma shule ya msingi kwa miaka michache.

Wakati huo kusini kulikuwa na nafasi chache za kupata fedha taslimu. Vijana wengi waliondoka kwenda kufanya vibarua katika mashamba ya mkonge ya kaskazini mashariki. Katika miaka ya 1950 Tingatinga naye alikwenda Tanga kufanya kazi katika mashamba hayo.

Mwishoni mwa miaka ya 1950 alihamia Dar es Salaam, ambako alikuwa na jamaa aliyetangulia. Alifanya kazi za nyumbani na bustani kwa Mzungu mmoja. Baada ya uhuru wa mwaka 1961 Wazungu wengi waliokuwa watumishi wa serikali ya kikoloni waliondoka, na kazi za aina hiyo zikapungua. Tingatinga aliishi kwa vibarua na biashara ndogondogo, zikiwemo za kuuza mboga na matunda.

Alimwoa Agatha Mataka, na walipata watoto wawili. Mwana wao Daudi Tingatinga alikuja kuwa mchoraji pia.

Kuanza kuchora

Tingatinga alianza kuchora picha za kuuza mwaka 1968. Hakutumia turubai wala rangi za wasanii, ambazo zilikuwa adimu na za bei kubwa. Alichora juu ya vibao vyembamba vya mbao iliyosagwa na kushinikizwa, vya aina inayotumika kufunika dari za nyumba. Rangi zake zilikuwa zile za kung'aa zilizouzwa madukani kwa ajili ya kupaka baiskeli.

Picha zake nyingi ni za mraba, zenye upande wa sentimita 60 hivi. Ukubwa huo una sababu rahisi. Ubao wa dari huuzwa kwa kipimo cha futi 4 kwa futi 8, na ukikatwa vizuri hutoa vipande 8 vya futi 2 kwa futi 2 bila kubakiza kitu.

Sehemu ya kuuzia ilikuwa chini ya mti karibu na maduka ya Morogoro Stores, mtaa wa Oysterbay. Mtaa huo ulikaliwa na mabalozi, wataalamu wa kigeni na maofisa, ambao walifika madukani kununua mahitaji yao. Mke wake alishiriki katika kuuza. Bei ilikuwa shilingi chache kwa picha moja.

Baadaye kampuni ya umma iliyoshughulikia sanaa, iliyokuwa chini ya Shirika la Maendeleo la Taifa (NDC), ilianza kununua picha zake na kuziuza. Hivyo Tingatinga alipata soko la uhakika zaidi kuliko lile la barabarani.

Mtindo

Picha za Tingatinga mwenyewe ni sahili. Kwa kawaida anaonekana mnyama mmoja, kama vile chui, simba, tembo, nyati au ndege, akiwa amejaza sehemu kubwa ya ubao. Nyuma yake kuna rangi moja au mbili, bila milima, mawingu wala upeo wa macho. Pengine kuna tawi, majani au ndege mdogo pembeni. Macho ya mnyama ni makubwa, na madoa au mistari ya ngozi imepangwa kama urembo. Alichora pia watu na shughuli za kila siku.

Vifaa vilichangia mtindo huo. Rangi ya baiskeli ni nzito na hukauka polepole. Ikipakwa juu ya nyingine iliyo mbichi, zote mbili huchafuka. Kwa hiyo mchoraji hupaka kwanza rangi ya chini, huiacha ikauke, kisha huchora umbo, na mwisho huweka madoa na mistari. Si rahisi kufifisha rangi moja ndani ya nyingine ili kuonyesha kivuli, na ndiyo maana kila rangi husimama peke yake na kung'aa.

Watafiti wanatofautiana kuhusu asili ya mtindo huu. Wengine wanataja michoro ambayo Wamakua na majirani zao wa kusini walichora kwenye kuta za nyumba. Wengine wanataja wachoraji kutoka Kongo ambao picha zao zilikuwa zikiuzwa Dar es Salaam katika miaka ya 1960, na wanasema Tingatinga aliona kwamba naye angeweza kupata riziki kwa njia hiyo. Maelezo haya mawili hayapingani lazima: soko angeweza kuliona mjini, na maumbo akayatoa nyumbani.

Wanafunzi

Picha zilipoanza kununuliwa, Tingatinga aliwaita jamaa na vijana wa kwao wajifunze kwake. Wanafunzi wake wa kwanza walikuwa pamoja na Ajaba Abdallah Mtalia, Adeusi Mandu, January Linda, Kasper Henrik Tedo, Omari Amonde na Simon Mpata. Mafunzo yalikuwa ya kutazama na kutenda, kama fundi anavyomfundisha mwanagenzi. Karibu wote walikuwa watu wa kusini waliokuja mjini kutafuta kazi kama yeye.

Kifo

Mwaka 1972 Tingatinga alikuwa ndani ya gari pamoja na wenzake jijini Dar es Salaam. Polisi waliwadhania kuwa wahalifu wanaotoroka, wakafyatua risasi. Tingatinga alipigwa risasi na kufariki dunia. Alikuwa na umri wa miaka 40 hivi, na aliacha mjane na watoto wadogo.

Baada ya kifo chake

Mchoraji anapofariki mapema, jina lake hutegemea watu aliowaacha. Vincent van Gogh wa Uholanzi alichora kwa miaka 10 hivi, akafariki mwaka 1890 akiwa ameuza picha chache sana. Shemeji yake, Johanna van Gogh-Bonger, ndiye aliyezitunza picha zake na kuzionyesha hadi zikajulikana. Kwa Tingatinga hali ilikuwa tofauti. Picha zake nyingi zilikuwa zimekwisha kuuzwa na kuondoka nchini pamoja na wageni walizozinunua, kwa hiyo hapakuwa na hazina ya kutunza. Wanafunzi walichoweza kuendeleza ni kazi yenyewe. Waliendelea kuchora palepale Morogoro Stores, wakawafundisha wengine, na jina la mwalimu wao likawa jina la mtindo.

Mwaka 1990 wachoraji hao walianzisha ushirika unaoitwa Tingatinga Arts Cooperative Society, wenye makao yake Oysterbay. Simon Mpata alihamia Kenya, na hoteli moja ya watalii katika Masai Mara imepewa jina lake.

Mtindo umebadilika tangu wakati wa mwanzilishi. Wachoraji wa baadaye hujaza ubao wote kwa wanyama wengi, ndege, samaki, mlima Kilimanjaro au watu sokoni na hospitalini. Wengi hutumia turubai, kwa sababu mtalii anaweza kuikunja na kuiweka mizigoni. Mwaka 2010 mfululizo wa katuni za watoto uitwao Tinga Tinga Tales, uliotengenezwa Nairobi, ulianza kuonyeshwa kwenye televisheni nchini Uingereza na kwingineko.

Umaarufu huo umeleta pia matatizo. Picha za Tingatinga mwenyewe, ambazo ziliuzwa kwa shilingi chache, sasa hutafutwa na wakusanyaji wa sanaa wa Ulaya na Japani kwa bei kubwa, wakati familia yake haikupata faida hiyo. Kwa kuwa hakuacha orodha ya kazi zake, kuna picha nyingi za kughushi zenye sahihi ya E. S. Tingatinga. Tena, neno Tingatinga limekuwa jina la kawaida la picha za kitalii zinazouzwa katika Afrika Mashariki, hata zile zilizochorwa na watu wasiojua kwamba palikuwa na mtu mwenye jina hilo.

Tazama pia

Sam Ntiro
Michoro ya miambani ya Kondoa
Vincent van Gogh
Wilaya ya Tunduru