Vivien Leigh: Makofi hayakuponya maradhi yake

Unapomwona mwigizaji akitabasamu kwenye skrini, ni rahisi kudhani maisha yake ni raha mustarehe. Basi tulia nikusimulie kuhusu Vivien Leigh, Mwingereza aliyetwaa tuzo ya Oscar mara mbili, kisha ujionee yaliyokuwa nyuma ya pazia.

Alizaliwa Novemba 5, 1913 mjini Darjeeling, India, enzi za ukoloni wa Mwingereza. Wazazi walimpa jina Vivian Mary Hartley. Akiwa na miaka sita tu, walimpeleka Uingereza katika shule ya bweni ya masista wa Kikatoliki. Ni huko alikomwambia mwanafunzi mwenzake kuwa siku moja angekuwa mwigizaji mkubwa. Hakuwa akitania.

Alijiunga na chuo cha uigizaji jijini London, lakini mwaka wa 1932, akiwa na miaka 19, aliolewa na wakili Herbert Leigh Holman. Mwaka uliofuata akajifungua binti. Ungedhani ndoto imeishia hapo, sivyo? Wapi! Alichukua jina Leigh la mumewe likawa lake la jukwaani, na mnamo 1935 mchezo wa The Mask of Virtue ukamfanya gumzo la London.

Kumbe hayo yalikuwa mwanzo tu. Kule Marekani, mtayarishaji David O. Selznick alikuwa akihangaika kumsaka mwigizaji wa kuwa Scarlett O'Hara katika Gone with the Wind. Wasichana chungu nzima walijaribiwa. Desemba 1938 kamera zilianza kazi kabla hata mhusika huyo hajapata mtu. Vivien, mgeni kutoka Uingereza, ndiye aliyeipata nafasi hiyo. Filamu ilitoka 1939, na Oscar ikaja mwaka uliofuata. Usiku uo huo, mwenzake Hattie McDaniel alikuwa Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda Oscar, ingawa aliketishwa kwenye meza ya kando kwa sababu ya ubaguzi wa rangi.

Mwaka huo wa 1940 Vivien aliolewa na mwigizaji Laurence Olivier. Dunia ikawaonea wivu. Lakini kufikia katikati ya mwongo huo, madaktari walikuwa wamempata na kifua kikuu. Juu ya hayo alikuwa na ugonjwa wa akili wa kupanda na kushuka kwa hisia: leo ana nguvu za ajabu hata halali, kesho amezama katika huzuni. Wakati mwingine aliwafokea watu, kisha asikumbuke lolote. Dawa za maana hazikuwepo, hivyo alitibiwa kwa kupitishiwa umeme ubongoni. Waliokosa kuelewa walimwona mkorofi tu.

Je, aliacha kazi? La hasha. Mnamo 1949 alipanda jukwaani London kama Blanche katika A Streetcar Named Desire, mwanamke ambaye akili zinamponyoka. Alicheza nafasi hiyo mara 326, na filamu yake ya 1951 ikamletea Oscar ya pili. Hata hivyo, mwenyewe alikiri baadaye kwamba Blanche alimsukuma karibu zaidi na wazimu. Mwaka wa 1953 alizidiwa akiwa katikati ya kurekodi Elephant Walk, na nafasi yake ikapewa Elizabeth Taylor.

Ndoa yake na Olivier ilivunjika 1960. Badala ya kujifungia nyumbani, alienda Broadway, akaimba na kucheza katika Tovarich, na mnamo 1963 akatuzwa Tony.

Julai 1967, akijiandaa kwa mchezo mwingine, kifua kikuu kilimlemea. Alifariki nyumbani kwake London akiwa na miaka 53. Kumbi za michezo za West End zilizima taa zao za nje kwa saa nzima kumpa heshima.

Sasa jiulize, msomaji: katika umati wote uliompigia makofi, ni wangapi walijua anaumwa? Leo kifua kikuu kinapona, na maradhi ya akili yana tiba ambazo Vivien hakuzipata. Kwa hivyo rafiki yako anayechekesha darasa zima akianza kukosa usingizi au kujitenga, usimwite mkorofi. Mketi naye, muulize anaendeleaje, na umsindikize kwa daktari.