Ibn al-Haytham: Mwanachuoni Aliyeshindwa na Mto Nile

Askari aliyepata kushika zamu ukingoni mwa Mto Nile pale Jinja bila shaka amewahi kuona mti uliosimikwa majini ukionekana umevunjika pale unapokutana na maji. Akiuvuta nje, aukuta mzima. Leo tumekusudia kuwasimulia wasomaji wetu maisha ya mtu aliyeichunguza siri hiyo kwa bidii kupita wote waliomtangulia, naye kabla ya hapo alikuwa nusura aangamie kwa sababu ya mto huu huu.

Jina lake ni Abu Ali al-Hasan ibn al-Haytham. Alizaliwa Basra, nchini Iraki, yapata mwaka 965. Wazungu waliosoma vitabu vyake baadaye waligeuza jina la al-Hasan wakamwita Alhazen. Habari nyingi za maisha yake zimehifadhiwa na Ibn al-Qifti, mwandishi aliyeishi karne mbili baada yake, na kwa hiyo yafaa tuzipokee kwa tahadhari kidogo.

Mwandishi huyo asimulia kwamba Ibn al-Haytham, angali kwao, alitamba kuwa lau angelikuwa Misri angeliufanyia Nile kazi ya kuwanufaisha watu, maji yakijaa au yakipungua. Maneno hayo yalimfikia al-Hakim, mtawala wa Misri tangu mwaka 996, ambaye alimwita, akampa mafundi na mali, kisha akamwamuru aende akatimize aliyoyasema.

Msafara ukapanda mto kuelekea kusini. Njiani Ibn al-Haytham aliyatazama majengo makubwa ya Wamisri wa kale, yaliyopimwa kwa ustadi wa ajabu, na moyo ukaanza kumwingia shaka: watu wenye elimu kama hiyo wangeliuacha mto bila kuuzuia, kama jambo lenyewe lingewezekana? Alipofika kwenye maporomoko karibu na Aswan akaukagua mto kingo zote mbili, akatambua kuwa amri aliyopewa haitekelezeki. Sisi hatumcheki. Bwawa la kwanza la Aswan lilikamilika mwaka 1902, na lile kubwa mwaka 1970. Hapa Uganda kwenyewe, bwawa la Owen Falls, liitwalo sasa Nalubaale, lilifunguliwa mwaka 1954.

Basi akarudi Kairo kwa aibu, akakiri kushindwa. Al-Hakim aliupokea udhuru wake na hata kumpa kazi serikalini. Lakini mtawala huyo alikuwa na sifa ya kuwaua maofisa wake, wakubwa kwa wadogo, na radhi yake ya asubuhi haikuwa dhamana ya jioni. Ibn al-Haytham alijifanya mwendawazimu. Akanyang'anywa mali, akafungiwa nyumbani mwake chini ya ulinzi. Wako watakaomwita mwoga. Sisi twaona kwamba kosa lake lilikuwa majigambo ya mwanzo. Alipokwisha kuyaona maji kwa macho yake, alisema ukweli.

Mwaka 1021 al-Hakim alitoka usiku kwenda vilima vya Muqattam, asionekane tena. Ndipo mwanachuoni akaudhihirisha utimamu wa akili yake. Kazi yake kuu, Kitab al-Manazir, yaani Kitabu cha Mambo ya Kuona, chenye sehemu saba, baadhi ya wataalamu huiweka katika miaka ile ya kifungo, kati ya 1011 na 1021. Wengine huisogeza mbele kidogo.

Mabingwa wa Kiyunani kama Euclid na Ptolemy walikuwa wamefundisha kwamba jicho hutoa miali inayokwenda kukigusa kitu. Ibn al-Haytham aliyakataa hayo. Jicho likilikabili jua huumia, nalo haliwezi kuumizwa na kitu lilichokitoa lenyewe. Askari aliyemulikwa tochi usoni usiku hahitaji ushahidi zaidi. Nuru hutoka kwenye kitu ikaingia jichoni, na husafiri kwa mstari ulionyooka. Ili kulithibitisha hilo alipanga taa kadhaa mbele ya tundu la chumba chenye giza. Kila taa ilitupa doa lake ukutani, na alipoziba moja, doa lake tu ndilo lililotoweka.

Katika sehemu ya saba aligeukia kupinda kwa nuru ipitapo kutoka hewani kwenda majini au kwenye kioo. Alieleza namna ya kuunda chombo cha shaba chenye alama za nyuzi ili kupima kiasi cha mpindo. Sababu yake aliieleza kwa mfano ambao wanajeshi watauelewa upesi: upanga ukishushwa wima juu ya ubao hukata kwa nguvu zote, bali ukishushwa upande nguvu hupungua. Vivyo hivyo nuru iingiayo wima hupita bila kupinda, na iingiayo kwa mshazari huchepuka. Alishika pia kwamba nuru huenda polepole zaidi ndani ya kitu kizito kuliko hewani, jambo lililokuja kuthibitishwa kwa vipimo karne ya 19.

Hata hivyo, kanuni kamili ya mpindo haimo kitabuni mwake. Ibn Sahl wa Baghdad alikuwa ameichora kwa jiometria yapata mwaka 984, na Ulaya ilipatikana kwa Snell mwaka 1621.

Uzeeni aliishi karibu na msikiti wa al-Azhar, akijilisha kwa kalamu: kila mwaka alinakili vitabu vya hesabu, kikiwemo cha Euclid, na kuviuza kwa dinari 150. Cheo hakukitaka tena. Alifariki Kairo yapata mwaka 1040.

Kitabu kilifasiriwa kwa Kilatini, kikachapwa Basel mwaka 1572. Johannes Kepler alikisoma, na mwaka 1604 akasahihisha kosa moja kubwa lililobaki humo: Ibn al-Haytham alidhani picha hupokewa kwenye lenzi ya jicho, kumbe hutua kwenye utando wa nyuma.