Mohamed Amin: Mpigapicha aliyeiachia Afrika hazina ya picha

MTENGENEZAJI filamu anayetaka kusimulia kisa cha kuuawa kwa Tom Mboya, udikteta wa Idi Amin au njaa ya Ethiopia, aghalabu hujikuta akitafuta picha za mtu mmoja: marehemu Mohamed Amin.

Amin alizaliwa jijini Nairobi mwaka 1943 na kulelewa Tanganyika. Mwaka 1963, akiwa hata hajatimiza miaka 21, alianzisha kampuni ya Camerapix mjini Dar es Salaam. Mwaka uliofuata alinasa picha za Mapinduzi ya Zanzibar. Kisiwa hicho hicho kilimtia gerezani mwaka 1966 kwa takriban mwezi mmoja, na baadaye akahamia Nairobi.

Mboya alipopigwa risasi Julai 5, 1969, Amin alifika upesi akiwa na kamera. Picha hizo zilimpa tuzo Uingereza, na hadi leo ni ushahidi usioepukika kwa yeyote anayesimulia msiba huo.

Kazi iliyomvumisha zaidi ni ya Oktoba 1984. Akiwa na mwanahabari Michael Buerk wa BBC, alipiga picha za wakimbizi wa njaa huko Korem, Ethiopia. Zilionyeshwa na zaidi ya vituo 400 vya televisheni, na zikachochea tamasha la Live Aid la Julai 1985 lililochangisha mamilioni ya fedha.

Hata hivyo, hapo ndipo ulipoanza mtihani wa picha za aina hiyo. Picha ya mwaka mmoja, ikitumiwa bila tarehe wala jina la mahali, huweza kuifanya Afrika nzima ionekane bara la njaa ya milele. Ndiyo maana mhariri wa filamu anayechota katika hazina ya zamani hulazimika kujua nani alipiga picha, lini, wapi na kwa sababu gani, kabla ya kuipachika katika kisa kipya.

Mwaka 1991, mlipuko wa ghala la silaha jijini Addis Ababa ulimpokonya Amin mkono wa kushoto na kumuua mwenzake, John Mathai. Alirejea kazini na mkono wa bandia.

Mauti yalimkuta Novemba 23, 1996, ndege ya Ethiopia aliyoabiri kuelekea Nairobi ilipotekwa nyara, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na Komoro. Watu 125 walikufa, yeye akiwemo. Alikuwa na umri wa miaka 53.

Miaka 10 baadaye, mwanawe Salim alisimulia maisha yake katika filamu ya Mo & Me, iliyotumia picha ambazo babake aliziweka akiba Camerapix. Kamera iliyowahifadhi wengine ikawa imemhifadhi na mwenyewe. Lau angeuza kila ukanda na kusahau, Waafrika wangelazimika leo kuomba historia yao katika maghala ya ng'ambo.