Mzee Ojwang, Mcheza kwa Jirani

Miongoni mwa wasanii wa Afrika Mashariki waliojaaliwa kupendwa na wakubwa kwa wadogo, Mzee Ojwang ana mahali pake. Jina hilo alipewa na mchezo. Marehemu aliitwa Benson Wanjau, Mkikuyu aliyezaliwa mwaka 1937, ilhali Ojwang ni jina la Wajaluo, watu wa kando ya Ziwa Viktoria.

Kwa zaidi ya miaka 30 alionekana katika michezo ya Shirika la Utangazaji la Kenya, ambalo hadi mwaka 1989 liliitwa Sauti ya Kenya. Katika Vitimbi alikuwa Ojwang Hatari, mzee mkaidi, mumewe Mama Kayai, ambaye mchezaji wake ni Mary Khavere. Alicheza pia katika Vioja Mahakamani, mchezo ambamo polisi, mshtakiwa na hakimu hukutana kila juma mbele ya watazamaji. Lafudhi ya Kijaluo aliimudu barabara, hata wengi wakaamini kuwa yeye ni Mjaluo wa kuzaliwa.

Kazi hiyo ilikuwa na hatari yake. Kuiga matamshi ya kabila jingine ni rahisi, na aghalabu mwigaji huishia kuwadhihaki wenyewe. Marehemu aliepuka mtego huo kwa kumpa mzee wake utu kamili. Ujanja uliomgeukia mwenyewe, ubahili, majivuno mbele ya mke asiyetishika: hayo yamo katika kila nyumba, ya Mkikuyu na ya Mjaluo. Mtazamaji alipocheka, alijicheka.

Uzito wa jambo hilo ulionekana baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, majirani wa makabila hayo na mengine walipogeukiana. Tume ya Jaji Waki ilihesabu watu 1,133 waliouawa. Siku hizo jina la mtu lilitosha kumponza njiani. Naye Mkikuyu huyu alikuwa amelibeba jina la Kijaluo miaka mingi, na nchi nzima ikampenda kwalo.

Sifa hizo hazikumletea utajiri. Uzeeni macho yalimfifia, na mwaka 2012 Wakenya wa kila kabila walichanga fedha ili atibiwe. Alifariki dunia tarehe 12 Julai 2015 katika Hospitali ya Taifa ya Kenyatta, Nairobi, kwa nimonia, akiwa na umri wa miaka 78. Wahenga husema mcheza kwao hutunzwa. Marehemu alicheza kwa jirani, na jirani akamtunza.

Ndugu askari, maisha haya yanatuhusu hata sisi tulio mbali na Nairobi. Huko Dzaleka, wilayani Dowa, mahali palipokuwa gereza kabla ya kuwa kambi mwaka 1994, wanaishi watu kutoka Kongo, Burundi na Rwanda, ambao wengi wao walikimbia vita vya aina hiyo hiyo. Wengine hufika hadi Mtandire, hapa Lilongwe, kutafuta riziki. Askari wa zamu humtambua mgeni kwanza kwa matamshi yake, na papo hapo huamua kumdharau au kumsikiliza. Wanjau aliyasikiliza matamshi ya jirani kwa makini kiasi cha kuyavaa, na kwa kazi hiyo akaishi.