Marion Dougherty, mama aliyefungulia nyota wa sinema mlango na yeye akabaki inje

Wapenzi wa sinema wanamjua Danny Glover, polisi Murtaugh wa filamu Lethal Weapon ya mwaka wa 1987, ile inayoitwa kwa Kifaransa L'Arme fatale. Wachache wanajua kama nafasi hiyo aliipata kupitia mama mmoja: Marion Dougherty. Yeye ndiye aliyetaja jina la Glover. Richard Donner, mwenye kuongoza filamu hiyo, alikubali baadaye kwamba hakuwa amefikiria mtu mweusi, hata kama hakuna kitu katika hadithi kilichomkataza.

Dougherty alizaliwa tarehe 9 Februari 1923 huko Hollidaysburg, katika jimbo la Pennsylvania, inchini Marekani. Alipofika New York, kazi yake ilikuwa kupamba vioo vya duka kubwa la nguo. Baadaye akaingia katika televisheni, kwenye kipindi Kraft Television Theatre, kilichoonyesha michezo moja kwa moja. Kila juma kulikuwa mchezo mpya, na kila mchezo ulihitaji watu wapya.

Wakati huo, kampuni kubwa za Hollywood zilikuwa na waigizaji wao wa mkataba. Kuchagua ilikuwa kama kusoma liste na kuweka sura nzuri mahali pake. Dougherty alifuata njia ingine. Jioni alienda kuangalia michezo katika kumbi za New York, na yale aliyoyaona kwa kila mwigizaji aliyaandika kwenye vikaratasi. Hivyo James Dean, Dustin Hoffman na Robert Duvall walipata kazi kupitia yeye wakati dunia haijawajua bado.

Jon Voight naye alipewa nafasi ndogo katika Naked City, mfululizo wa televisheni. Alicheza vibaya, akatoka na haya. Lakini Dougherty hakumfuta. Ilipotayarishwa filamu Midnight Cowboy ya 1969, alimtetea Voight mpaka akachukuliwa. Filamu ikapata Oscar ya filamu bora, na Voight akawa mtu mkubwa. Jina la Dougherty halimo katika filamu hiyo. Aliomba liandikwe peke yake kwenye ekrani, wakamkatalia, naye akaona afazali lisiandikwe kabisa.

Katika ofisi yake ya New York alifundisha wanawake vijana kazi hiyo, kati yao Juliet Taylor, aliyechagua waigizaji wa filamu nyingi za Woody Allen. Kisha Dougherty akatumikia kampuni ya Paramount, na baadaye Warner Bros. kwa karibu miaka 20.

Katika miaka ya 1990, watu wenye majina katika sinema waliandikia wakubwa wa Oscar ili apewe tuzo ya heshima. Haikutolewa. Waongozaji wengine hawakutaka hata neno mkurugenzi litumiwe kwa kazi yake.

Alikufa New York tarehe 4 Desemba 2011, akiwa na miaka 88. Mwaka uliofuata filamu Casting By ilieleza maisha yake. Katika 2013 wachaguzi wa waigizaji walipata tawi lao ndani ya Akademia ya Oscar, na katika 2024 ikatangazwa kwamba kazi yao itakuwa na Oscar yake, kuanzia filamu za 2025. Mlango ulifunguka, lakini mwenye kuupiga hodi miaka yote hakuwapo tena.